Aliyebaki Bwawani

Juzi fundi alikuja kusafisha tangi letu la maji. Alipofungua koki ya chini, maji yaliyosalia yalitoka mekundu, kisha likafuata tope laini kama uji wa ulezi, likatandaa uani mpaka likanigusa vidole vya miguu. Harufu yake ilinipanda puani kabla sijasogea: harufu ya udongo uliokaa majini muda mrefu, yenye shombo la samaki na majani yaliyooza, na ndani yake kitu kitamu kidogo ambacho sijawahi kukipatia jina. Fundi aliniuliza kama naumwa. Nilikuwa nimekaa kwenye ngazi bila kujijua. Nikamwambia ni jua tu. Ningemwelezaje kwamba harufu ile naifahamu tangu utotoni, na kwamba mara ya kwanza nilipoivuta nilikuwa nimeshikwa mkono na bibi yangu, ambaye sasa hayupo, tukitembea kwa miguu chini ya bwawa?

Ninyi mliokulia Morogoro wakati mmoja nami mnalijua bwawa lile, upande wa barabara ya Iringa, milima ya Uluguru ikiwa imeinama nyuma yake kana kwamba inataka kunywa. Maji ya mabombani kwetu Kihonda yalitoka huko, na sikukuu zetu pia zilikuwa huko. Idi pili watu walikwenda na mikeka na masufuria ya pilau, watoto tumevaa nguo zinazonukia duka, vijana wanaruka majini na kaptura, wavuvi wanawapakia wapenzi kwenye mitumbwi na kuwazungusha. Kulikuwa na moshi wa mishkaki na muziki kutoka kwenye magari yaliyofunguliwa milango. Mjomba Shabani, mdogo wake mama, alikuwa fundi magari pale Msamvu, na kila Idi aliazima pikapu ya mteja wake na kutupeleka. Baba alikuwa kwenye mashamba ya miwa, tulimwona mwisho wa mwezi, kwa hiyo mjomba ndiye aliyekuwa mwanamume wa sherehe zetu.

Bibi tuliishi naye nyumba moja, nikilala naye kitanda kimoja, lakini bwawani alikuwa hataki kwenda. Alikwenda mara moja tu ninayoikumbuka, baada ya mjomba kumbembeleza sana. Tulipofika alitandika mkeka wake akakaa ameyapa maji mgongo, uso kaelekeza barabarani, wakati watu wote walikuwa wamekaa kuangalia maji. Niliona ni kosa, kama mtu aliyekaa kinyume darasani. Nikamwambia, "Bibi, geuka, bwawa liko huku."

"Nalijua liko wapi, mke mwenzangu," alinijibu. Hivyo ndivyo alivyoniita siku zote, kwa utani wa bibi na mjukuu. Kisha akageuza shingo kidogo, akanyoosha kidole kule vijana walikokuwa wakirukaruka. "Pale wanapoogelea wale, chini yake ni uwanjani kwa shangazi yangu. Mbele kidogo ndiyo kwetu. Kwetu kuko chini ya maji."

Akageuka tena barabarani akaendelea kumenya chungwa lake.

Mtoto ukimwambia kitu kama kile halafu ukanyamaza, atamalizia mwenyewe. Mimi nilimalizia. Niliamini kwamba watu wa kwao Bibi walikuwa wanaishi kule chini, na kwamba yeye alitoka juu siku moja kuja mjini kuolewa, akashindwa kurudi. Niliwaona kabisa: nyumba za makuti ndani ya maji ya kijani, kuku wanaelea badala ya kutembea, shangazi yake anafagia uwanja na samaki wanampisha. Mapovu yalipopanda kando ya mtumbwi nilijua wanapika. Nilipokunywa maji ya bomba nilikunywa taratibu, kwa heshima, kwa sababu yalikuwa yamepita nyumbani kwa watu.

Halafu mwalimu wetu akatufundisha kwamba maji ya mji mzima hutoka bwawani kwa bomba kubwa, na kwamba tukiyachezea siku moja yataisha. Wenzangu waliogopa. Mimi nilirudi nyumbani nimebeba wazo zuri kuliko yote niliyowahi kuwa nayo. Mama alikuwa zamu kiwandani, kiwanda cha nguo, Bibi alikuwa ndani anaswali adhuhuri. Nikaenda kwenye bomba la uani nikalifungua mpaka mwisho, nikakaa kwenye kigoda kuyatazama maji yakikimbilia kwenye mgomba, shimo la mgomba likajaa, yakapita chini ya ua kwenda kwa jirani. Nilifanya hivyo siku nyingi. Siku mama aliporudi mapema alinikuta nimetulia kwenye kigoda changu kama mlinzi.

"Tatu! Maji yanamwagika na wewe umekaa unayaangalia?" Kandambili ilikuwa tayari mkononi.

Bibi alitoka na kanga yake ya kuswalia. "Mwache kwanza. Tatu, kwa nini unayamwaga?"

"Ili yaishe."

"Yakiisha iweje?"

"Urudi kwenu."

Mama aliteremsha mkono. Bibi alicheka, alicheka sana mpaka akashika ukuta, akamwambia mama, "Umemsikia huyu?" Kisha kicheko kikakatika katikati, akaenda kufunga bomba mwenyewe, akaingia ndani. Hakutoka hadi alasiri. Nilidhani nimemuudhi kwa sababu nilifanya kazi polepole.

Mwaka uliofuata mvua za vuli hazikuja. Masika ikaja ikatema mate kidogo vumbini, ikaondoka. Milimani kulikuwa na moshi kila mahali, na bomba letu likaanza kukohoa. Ukilifungua lilivuta pumzi, likatoa upepo, likatoa tone la maji ya kutu, likanyamaza. Mji mzima ukawa wa ndoo na madumu ya njano. Watu waliamkia Bigwa, kwenye vijito vinavyoshuka mlimani, na mjomba alikuwa akituletea mapipa nyuma ya pikapu, maji yenye majani ya mgunga ndani yake. Tulioga kwa kikombe. Mama alipiga mswaki na kutema kwenye mche wa pilipili. Kila mtu alikuwa na huzuni na ukali, na mimi peke yangu nilikuwa na furaha ya siri, maana niliweka sikio kwenye bomba lililokauka na kujua kwamba kazi yangu imefanikiwa.

Jioni moja mjomba aliingia na vumbi la safari. Alikuwa ametoka kumtengenezea mtu gari lililoharibika barabara ya Iringa. "Bwawa limekwisha," alisema, akivua viatu. "Limebaki dimbwi kule kwenye ukuta. Kwingine kote watu wanapita kwa miguu. Wengine wameshaanza kulima."

Bibi alikuwa anapembua mchele. Ungo ulisimama mikononi mwake. "Umekiona kisiki cha mkwaju?"

"Mama, mimi nitajuaje kisiki cha mkwaju?"

"Kikubwa. Kimekaa peke yake."

"Sikuangalia visiki, mama. Na usifikirie kwenda kule. Lile ni tope. Juu limekauka, chini bado bichi. Ng'ombe wa watu wamezama mpaka tumboni."

Bibi aliendelea kupembua, lakini nikamwona anautupa mchele pamoja na pumba.

Jumamosi iliyofuata, mama alipokwisha kuondoka kwenda kiwandani, Bibi alivaa gauni lake la Idi, akajifunga kanga mpya, akanipaka mafuta mpaka masikioni. "Tunakwenda kwetu," alisema. Sikuuliza swali hata moja. Nilikwenda kuchukua gauni langu jipya pia, kwa kuwa nilikuwa naenda kuonana na ndugu.

Tulishuka kwenye gari pale ambapo siku za Idi tulikuwa tunasikia muziki. Hakukuwa na muziki. Mitumbwi ilikuwa imelala ubavu kwenye ardhi kavu, kama ng'ombe waliochoka, na kamba zake zimefungwa kwenye mawe bila sababu. Mbele yetu palikuwa na uwanja wa udongo uliopasuka vipande vipande, mpana kiasi kwamba watu waliokuwa katikati walionekana kama sisimizi. Na ile harufu. Bibi alivua kandambili zake akazishika mkononi, akanishika kwa mkono wa pili, tukaingia. Udongo ulikuwa wa moto juu na wa baridi chini, ukibonyea kidogo kila tulipokanyaga. Kulikuwa na magamba ya konokono, soli za viatu, chupa za soda za sikukuu zote zilizopita. Nilikuwa naangalia mbele, natafuta makuti na moshi.

Tulitembea mpaka nikachoka. "Bibi, wako wapi?"

"Kina nani?"

"Watu wa kwenu."

Alisimama. Alinitazama, akatazama gauni langu la sikukuu, na nadhani hapo ndipo alipoelewa nilichokuwa nimekibeba kichwani muda wote ule. Alichuchumaa ili macho yetu yalingane. "Tatu, ulidhani wako hapa?"

Nikaitikia kwa kichwa, na machozi yakaanza, kwa sababu nilishaona kwamba hapakuwa na mtu.

"Walihama, mama yangu. Walio hai wote walihama kabla maji hayajaja. Wengine wako Mikese, wengine walirudi juu mlimani. Nyumba walizibomoa wenyewe. Leo tunamtafuta aliyebaki."

Sikuelewa ni nani angeweza kubaki, lakini nilifuta pua tukaendelea.

Kisiki tulikikuta. Kilikuwa kimefukiwa mpaka karibu na kichwa chake, cheusi, kimelainika kama sabuni. Bibi alikishika kwa viganja viwili. Alitafuta mawe ya msingi wa nyumba, hakuyaona. Alitafuta jiwe la kusagia, hakuliona. Mvua za miaka yote zilikuwa zimeuleta udongo wa milimani na kuulaza pale, tabaka juu ya tabaka, mpaka kijiji chote kikawa bapa kama meza. Alikwenda huku akarudi, akasimama, akanung'unika kwa Kiluguru. Mwishowe alikipa kisiki mgongo, akainua macho kutazama kilele cha mlima kama mtu anayejaribu kukumbuka alikuwa amekaaje, kisha akatembea kuelekea upande wa kushoto na kusimama kwenye shamba la mtu.

Lilikuwa shamba la maboga. Miche ilikuwa imeshatoa majani mapana, yenye rangi ya kijani ambayo mjini tulikuwa tumeisahau. Mwanamke wa makamo alikuwa akilima mwishoni mwa tuta, akatuona, akaja kwa haraka na jembe begani.

"Bibi, shikamoo. Unanikanyagia maboga."

"Marahaba. Samahani, mwanangu. Naomba usilime hapa niliposimama."

"Kwa nini? Ardhi hii haina mwenyewe mpaka maji yarudi. Kila mtu kalima alipofika." Lafudhi yake ilikuwa ya Kigogo, baadaye tulijua anaitwa Mama Fikiri, na kwamba alihamia na mumewe kutafuta kazi. "Nimesafisha mwenyewe magugu haya. Kama unataka shamba, nenda kule mbele, bado kuna nafasi."

"Sitaki shamba," Bibi alisema. "Hapa kuna mtoto wangu."

Mama Fikiri aliteremsha jembe begani. Aliliangalia bapa lake lenye tope, akaliweka chini kwa taratibu sana, kama mtu anayeweka chombo cha kuvunjika.

Ndipo Bibi akasema yale ambayo sikuwahi kuyasikia, na ambayo nyumbani kwetu hakuna aliyekuwa ameyasikia. Aliyasema kwa mtu asiyemjua, katikati ya maboga, mimi nikiwa nimeshika pindo la kanga yake. Kwamba mtoto wake wa kwanza alikuwa msichana. Kwamba alikuwa ameanza kukaa mwenyewe bila kuegemezwa, homa ikamchukua, wakamzika karibu na mkwaju kama walivyozikwa wachanga wengine pale kijijini, kwa mawe mawili tu. Kwamba miaka ilipita, akazaa tena, na alipokuwa mlimani kwa mama yake mdogo akimaliza arobaini ya mtoto wa tatu, watu wakahamishwa kupisha maji. Wazee walionyesha makaburi ya wakubwa, yakahamishwa kwa heshima zote. La yule mdogo hakuna aliyelikumbuka.

"Hawakufanya kwa ubaya," alisema. "Walimsahau tu. Niliporudi na mtoto mgongoni nikakuta maji. Nilimuuliza mume wangu, 'Na Hidaya?' Akashika kichwa. Hatukulizungumza tena mpaka anakufa."

"Anaitwa Hidaya?" Mama Fikiri aliuliza.

"Hidaya."

Mama Fikiri alipiga magoti, akashika mche wa boga ulio karibu na miguu ya Bibi kutaka kuung'oa. Bibi alimshika mkono. "Usiung'oe. Acha umfunike. Usipige jembe tu." Yule mama aliitikia, akaenda kukata vijiti, akavichomeka kuzunguka mahali pale, eneo la mkeka mmoja. Nilijua hata kwa akili yangu ya kitoto kwamba Bibi hakuwa na hakika. Huenda palikuwa pale, huenda palikuwa kule kwenye tuta la jirani. Lakini alikaa chini kwenye udongo na gauni lake la Idi, akafungua viganja, akaomba dua ndefu. Mama Fikiri alifungua viganja vyake pia, ingawa alikuwa Mkristo, na kila Bibi aliponyamaza alisema, "Amina."

Mama alikuwa amesharudi tulipoingia nyumbani na tope mpaka magotini. "Mama, umempeleka mtoto kule? Shabani alikukataza! Angezama huyu ningemtafutia wapi?"

Mimi nilitaka kumtetea Bibi. Nikasema, "Hatukuzama. Tulikwenda kwa Hidaya."

"Hidaya ndiyo nani?"

Mama alinitazama mimi, akamtazama Bibi, na sauti yake ikashuka. "Mama. Hidaya nani?"

"Dada yako," Bibi alisema. "Aliyekutangulia."

Nilimwona mama akitafuta mahali pa kukaa. Hakulia. Alisema, polepole, "Mimi ndiye kifungua mimba wako. Umeniambia hivyo maisha yangu yote. Baba alipokufa nikaacha shule nikaingia kiwandani ili Shabani asome ufundi, kwa kuwa mimi ndiye mkubwa. Ulinishika mkono ukaniambia, wewe ndiye mkubwa." Bibi alifungua mdomo, lakini mama alikuwa ameshanyanyuka. "Ungeniambia tu, mama. Ningeyafanya yote hayo bado. Lakini ungeniambia."

Baada ya siku hiyo nyumba yetu ilikuwa na kimya ambacho sikuwahi kukijua. Mama aliendelea kumfulia Bibi nguo, kumpelekea chakula, kumwamkia kila asubuhi, lakini akishamwamkia aliondoka. Zamani walikuwa wanakaa pamoja jioni wakichambua mchicha, wakiwasengenya majirani. Sasa mama alichambua jikoni, Bibi akakaa barazani na mikono mitupu. Nilidhani wamegombana kwa ajili yangu, kwa sababu ya tope. Nililiosha gauni langu la Idi mwenyewe, kwa kikombe cha maji ya Bigwa, nikalianika mahali mama angeliona. Halikusaidia.

Mvua ilikuja ghafla, ikianzia milimani. Kwa siku kadhaa hatukuiona Uluguru kabisa, tulisikia tu ngurumo ndani ya wingu. Mtaani watu walicheza, wakatoa mabeseni, sufuria, hata vikombe. Bibi alimwita mjomba na kumwambia kitu kimoja tu: "Nipeleke kabla hajafunikwa." Mjomba alikuwa ameshajua habari; mama alikuwa amemwambia. Hakubishana. Na mimi niliingia kwenye pikapu bila kuulizwa, nikakaa katikati yao.

Nilikuwa nikidhani maji hurudi kwa kishindo, kama ukuta unaoanguka. Yalirudi kimya kimya. Yalipita kwenye nyufa za udongo kama vidole, yakijaza ufa mmoja, yakipumzika, yakiingia wa pili. Wakulima walikuwa wanakimbizana nayo, wakivuna maboga machanga na majani, wakiyatupia kwenye viroba. Mama Fikiri alikuwa amesimama kwenye maji yaliyomfika kifundo cha mguu. Alipomwona Bibi aliacha kiroba chake, akaja kumshika mkono upande mmoja, mjomba upande wa pili, wakampeleka karibu kadiri walivyoweza. Vile vijiti vilikuwa bado vimesimama. Majani ya maboga yalikuwa yamefunika mahali pote pale, na kulikuwa na maua ya njano.

Bibi alizungumza Kiluguru, na mjomba hakunitafsiria. Lakini mwishoni alisema kwa Kiswahili, labda ili nasi tusikie: "Maji yanarudi, Hidaya. Usiogope. Safari hii nimekuaga." Mjomba wangu, mtu wa utani na sauti kubwa, alilia na mvua ikimpiga usoni, mabega yakimtikisika. Ufa wa karibu na vijiti ukajaa, halafu jani moja likaanza kuelea. Mjomba aliinama, akampandisha Bibi mgongoni kama mtoto, tukarudi kwenye gari. Sikuangalia nyuma. Nilikuwa nimeelewa sasa chini ya maji kuna nini, na nilitamani nisingeelewa.

Bomba letu lilirudi baada ya muda, likikohoa, likitema maji mekundu, na mtaa mzima ukapiga vigelegele. Jioni ile ile Bibi akasema anataka kumsomea Hidaya hitma. Alimwambia mama, lakini ni mjomba aliyeitikia. Mwalimu wa madrasa alipoitwa alieleza kwa upole kwamba mtoto mchanga hana dhambi ya kuombewa. "Hitma hii itakuwa ya kukuliwaza wewe, Bibi," alisema. Bibi akamjibu, "Basi nisomeeni mimi."

Siku hiyo majirani walijaa. Wanaume walikaa nje kwenye majamvi, wanawake sebuleni, ubani ukifuka mpaka macho yakawasha. Wengi hawakujua la kusema kwa msiba wa zamani kiasi kile, lakini walisema linalosemwa. Mmoja baada ya mwingine waliinama wakampa Bibi mkono. "Pole, Bibi." Naye alijibu, "Asante, nimeshapoa." Alijibu hivyo kwa kila mmoja, mgongo wima, kana kwamba anapokea kitu alichokuwa akikisubiri kwa muda mrefu na hataki kimpite hata kimoja. Mama Fikiri alikuja na majani ya maboga ndani ya kiroba, akakaa karibu na mlango.

Mama hakuwepo sebuleni. Alikuwa uani tangu alfajiri na sufuria za pilau, akikataa kusaidiwa, akikoroga na kupuliza moto uliokuwa unawaka vizuri tu. Nilikwenda mara nyingi kumwangalia. Mara ya mwisho nilimkuta amesimama na mwiko mkononi, sufuria imeshaepuliwa, hana tena cha kufanya.

Hitma ilipokwisha na watu kuanza kula, aliingia. Alipita katikati ya wanawake na kanga yake ya jikoni, mikono ikinuka kitunguu, akapiga magoti mbele ya Bibi. Alimshika mkono.

"Pole, mama."

Bibi alifungua mdomo kutoa jibu lile alilowapa wote, na jibu halikutoka.

Mama akamuuliza kwa sauti ya chini, "Ulimlilia na nani?"

"Nilikuwa peke yangu."

Mama alibaki amemshika. Kisha akasogea, akakaa kwenye mkeka kando yake, bega kwa bega, miguu ameikunja kama mfiwa. Wakati huo aliingia jirani yetu mmoja aliyechelewa, mama mtu mzima ambaye hakuwa ameona lolote, akainama mbele yao na kuwapa mikono wote wawili.

"Poleni sana," alisema.

Bibi alikuwa bado hawezi kusema. Mama ndiye aliyejibu, machozi yakimshuka hadi kidevuni bila kuyafuta.

"Asante, mama. Tumeshapoa."